Mbuzi Wetu na Michezo ya Afrika

Juzi niliziona kwenye televisheni timu za Afrika zikiingia uwanjani na bendera zao, nikajikuta nasikia harufu ya mbuzi.

Alasiri moja ya utoto wangu kule Bombo, michezo ya kwanza ya Afrika nzima ilikuwa inafunguliwa. Kijiji kizima, nadhani hata marehemu, kilijazana uani kwetu kuizunguka redio ya baba mdogo. Mtangazaji alitaja nchi zilizofika, moja baada ya nyingine. Kwetu watu waliitwa hivyo siku ya msaragambo tu, kazi ya pamoja ya kuchimba mifereji, na nyumba isiyotoa mtu ilichukuliwa mbuzi. Nikajua Afrika imeitana kuchimba mfereji mkubwa, na sisi hatujatajwa!

Sauti ikafifia. Baba mdogo akazitoa betri, akazianika juani.

"Baba mdogo, sisi tumepeleka mtu?"

"Sijui, mwanangu. Ngoja betri zipate moto."

Ningojee nini? Nilimburuta mbuzi wetu hadi chini ya kitanda cha bibi. Akalia kwa sauti iliyofika Kwakoa. Bibi akainama kuchungulia.

"We Nakiete! Mbuzi amekukosea nini?"

"Namficha, bibi. Afrika watamchukua."

Mara redio ikasikika tena, na uani kukalipuka shangwe: "Tanzania! Tanzania!"

"Tumetajwa, bibi!"

"Basi mtoe, kabla hajalimaliza godoro langu la nyasi."

Siku hizi najua walikwenda kukimbia na kuruka. Lakini juzi sikuweza kuketi mpaka bendera yetu ilipopita.