Maparachichi Yaliyobaki Mtini

Mtaa mzima ulimwita Mama Vitamini, na jina hilo alijitafutia mwenyewe kwa mdomo wake. Ukinunua kwake ndizi moja unaondoka na somo la bure. Fizi zinatoka damu? Chukua mapera, yana vitamini C nyingi kuliko hata machungwa. Tumbo limefunga? Papai lililoiva, na maji ya kutosha. Unachokachoka? Ndizi hiyo, ina potasiamu, misuli na moyo vitakushukuru. Watu walimcheka, wakamtania, wakanunua.

Matunda mengi aliyatoa nyuma ya nyumba yake. Mipapai aliipanda miche mitatu shimo moja, akasubiri maua yamwonyeshe upi dume na upi jike, ndipo akang'oa ile ya dume na kubakiza mmoja wa kuchavusha mingine. Lakini mparachichi ulikuwa kazi ya mumewe, fundi wa kuchomelea mageti, ambaye mtaani aliitwa Fundi tu. Aliotesha mbegu, na mche ulipofikia unene wa penseli akaukata kichwa, akaupasua, akachomeka kijiti kutoka mti mwingine uzaao vizuri, akafunga kwa nailoni. "Maisha yangu yote nimeunga chuma," alimwambia mkewe. "Niache na mimi niunge kitu kinachokua." Miaka ikapita, mti ukatoa majani matupu, na mkewe akawa anamchokoza kwamba ameunga kuni.

Mwaka mti ulipochanua kwa mara ya kwanza ndio mwaka Fundi alipovimba miguu.

Presha aliyoipuuza muda mrefu ilikuwa imemla figo. Hospitali wakampangia siku za mashine ya kusafisha damu, na muuguzi akamkalisha mke chini akamweleza taratibu. Figo za mzee haziwezi tena kutoa potasiamu mwilini, na ikijaa kwenye damu, moyo unasimama. Kwa hiyo ndizi hapana, machungwa hapana, parachichi ndilo hapana kabisa.

Mama Vitamini alisikia, ila halikumwingia akilini. Lingekuingia wewe? Miaka yote ndizi inajenga moyo, leo ndizi isimamishe moyo? Alimtazama mumewe anavyokwisha, shati linamning'inia, sahani anaisukuma kando, akajiambia wale wa hospitali wanaijua mashine, mtu wake anamjua yeye. Akamkamulia machungwa, akampondea na ndizi mbivu. Fundi akala mpaka akakwangua bakuli. "Hapo sasa nimekula," akasema. Mkewe alifurahi hadi machozi yakamtoka. Akaendelea kumpa hivyo kwa siri, akiamini kabisa kwamba anamponya.

Asubuhi moja Fundi alishindwa kuinua mikono, na moyo ukawa unapiga, unaruka, unapiga. Walimfikisha hospitali roho mkononi. Wakamchoma sindano, wakamwingiza kwenye mashine, kisha yule muuguzi akauliza mgonjwa amekula nini. Mama Vitamini akasema yote. Muuguzi hakumfokea, na afadhali angemfokea.

Fundi alirudi nyumbani hai, lakini mkewe hakurudi yule yule. Akarudi kibandani kwake kuuza. "Mama, leo hakuna somo?" wateja wakamuuliza, naye akawapimia tu na kuwarudishia chenji. Na kibaya zaidi, watu wakaanza kuja kununua kwake matunda ya kumpelekea mgonjwa, na mgonjwa mwenyewe ni mume wake. Wifi yake, dada wa Fundi, alisimama mbele ya meza akachagua machungwa mazuri mazuri, akaongeza na ndizi.

"Wifi, haya usimpelekee."

"Kaka yangu anaumwa, niende mikono mitupu?"

"Nenda mikono mitupu."

"Una roho gani wewe? Unailisha dunia nzima, kaka yangu unamnyima chungwa?"

Aeleze nini? Kwamba alimpa, na almanusura amzike? Akainama akaanza kupanga upya mapapai yaliyokwisha kupangwa. Wifi akaondoka amenuna, na watu wote pale wamesikia.

Wakati huo maparachichi yakawa yamekomaa. Mti ulisimama mbele ya dirisha la chumba, na Fundi kitandani hakuwa na pengine pa kutazama. Mkewe aliona uchungu. "Kesho nayachuma yote nikayauze mbali," akamwambia. "Huku ni kukutesa."

"Usiyachume. Parachichi haliivi mtini, mke wangu, mpaka lichumwe. Yaache hapo hapo yanisubiri. Nikipata figo nyingine, nitaanza na lile la tawi la chini."

Figo nyingine. Ya nani? Ndugu waliopimwa hawakufaa, na mke mwenyewe ana kisukari, daktari alimkataa kabla hajamaliza kukunja mkono wa gauni. Fundi aliyajua yote hayo, na mkewe alijua kwamba anayajua. "Sawa, baba," akasema. "Yatasubiri."

Wateja wakayatamani, akawakatalia. "Hayauzwi, yana mwenyewe." Na kweli yalikaa muda mrefu, magumu vile vile, hapo Fundi hakudanganya. Lakini parachichi nalo halikai milele. Mama Vitamini akawa anapita chini ya mti kila asubuhi akishika vikonyo vya yale aliyoyafikia, na kuviona vinazidi kukauka, huku mwili wa mumewe nao ukizidi kupungua. Alimwomba Mungu, akamlaumu Mungu, akamwomba tena.

Mchana mmoja alikuwa anamfuta uso kwa kitambaa kibichi, maana kiu ilimsumbua na maji ya kunywa nayo alipimiwa kidogo, mara kitu kikaanguka nje ya dirisha. Puu.

Fundi akafumbua macho. "Nini hicho?"

"Watoto," mkewe akajibu haraka. "Wanarusha mawe."

Likaanguka jingine. Yeye akaendelea kufuta, uso, shingo, mikono ile iliyounga mageti ya mtaa mzima.

"Waambie hao watoto," Fundi akasema, macho ameyafumba tena, "wasiliangushe lile la tawi la chini."