Mikono ya Avelina wa Mbuba

Katika vilima vya Mbuba, ndizi za pombe hufukiwa shimoni, zikafunikwa kwa majani makavu na udongo, zikafukizwa moshi, kisha mwenye nazo akangoja siku kadhaa ziive. Avelina hakungoja. Alipiga magoti kando ya shimo, akaweka viganja juu ya udongo wenye joto, akazitamani ndizi ziive. Na kabla jua halijafika utosini, harufu tamu ilikuwa imekwisha kutoka ardhini. Ufundi huo wa kuharakisha wakati aliurithi kwa shangazi yake, aliyefariki mwaka ule wakimbizi walipojaa kambi ya Benaco. Shangazi alimwonya jambo moja, tena kwa ukali: kwamba kiganja peke yake hakina nguvu. Kinachozisukuma siku ni hamu iliyomo moyoni mwa mwenye kugusa.

Watu wa Mbuba walimzoea kama mtu anavyomzoea jirani mwenye ng'ombe mkali. Walinunua pombe yake, wakamtania. "Mama Wiston, nishike kidevu nami niote ndevu," vijana walisema, nao wamesimama mbali. Avelina alicheka pamoja nao, mikono ameificha ndani ya kitenge.

Alikuwa na sababu ya kuificha. Zamani, akiwa msichana, alipakata kitoto cha mbuzi, akatamani kikue upesi apate kwenda nacho malishoni. Kikatoa pembe palepale mapajani pake, kikaota ndevu, meno yakadondoka moja moja juu ya sketi yake ya shule. Alipopata akili ya kukiweka chini, kilikuwa kimekwisha kufa kwa uzee. Tangu siku hiyo hakushika tena kiumbe chenye uhai. Alipomzaa Wiston, dada yake Deodata ndiye aliyemshikilia mtoto anyonye, naye Avelina akaikalia mikono yake mpaka ikafa ganzi. Maana ni mama gani asiyetamani mwanawe akue?

Wiston alikua kwa mwendo wake mwenyewe, akaenda Nyakanazi kuziba matairi ya malori, akaoa, akamleta mkewe Priscila akae na mama. Deodata alikuwa ameahidi kumpokea mjukuu. Lakini Deodata aliitwa na Bwana wakati wa masika, na mimba ya Priscila ikazidi kukua katika nyumba yenye wanawake wawili tu.

Uchungu ulianza alasiri, siku ya mnada, majirani wakiwa wameshuka wote sokoni. Mvua ilikuwa imeharibu njia. Mwendesha bodaboda aliyepigiwa simu alisema amekwama kwenye tope ng'ambo ya mto. Avelina alichemsha maji, akatandika kanga safi, kisha akarudi kusimama mlangoni, mgongo umeegemea mwimo.

"Anakuja, mama," Priscila alisema. "Mpokee."

"Siwezi, mwanangu. Unajua siwezi."

"Basi ataangukia sakafuni."

Avelina akapiga magoti. Alijitahidi kuufanya moyo wake mtupu, asitake wa kiume wala wa kike, asitake chochote. Mtoto akamtelezea viganjani: msichana, viungo vyote vimetimia, rangi yake ya kijivu, na kimya.

Kimya hicho kilimtisha kuliko kilio chochote alichowahi kukisikia msibani. Alijua kwamba akiitamani pumzi ya kwanza, pumzi nyingine zingeweza kuifuata mbiombio hadi ya mwisho. Akampangusa mtoto kinywa, akamsugua mgongo kwa kitambaa kama alivyoona Deodata akifanya, macho ameyakaza ukutani, akijilazimisha kufikiria magugu ya shambani. Mvua ilikuwa ikipiga bati.

"Mbona halii?" Priscila aliuliza. "Mama, mbona mwanangu halii?"

Sauti hiyo ndiyo iliyomshinda. Alitamani; kidogo tu, kama mtu anayeonja chumvi. Mtoto akakohoa, akalia, na papo hapo akaongezeka uzito mikononi mwake. Avelina akamweka haraka kifuani pa mama yake, akakata kitovu kwa wembe mpya pasipo kugusa ngozi, akarudi nyuma mpaka ukutani.

Mtoto alikuwa na nywele ndefu, na katika ufizi wa chini, jino moja jeupe. Priscila alilipapasa kwa kidole.

"Ni miezi mingapi?"

"Miezi sita. Labda saba," Avelina alijibu. "Sijui imetoka wapi katika maisha yake, mwanangu. Hilo shangazi hakunifundisha."

Akaongeza kwa sauti ya chini kwamba kesho atahamia kwenye nyumba ya marehemu Deodata, akae huko peke yake. Priscila alikuwa akitetemeka, jasho linamtiririka, na mikono yake iliyochoka ilianza kulegea, mtoto akiteleza taratibu kuelekea ukingo wa kitanda.

"Njoo umbebe, mama," akasema. "Nguvu zimeniishia. Ila usimtakie kitu."

Avelina akanyoosha mikono, akampokea. Akamtazama mjukuu wake usoni, akiogopa hata kumtakia afya.