Matembezi ya Siku ya Sabato

Nyanchera wa Gesima hakuwa mtu wa kulia ovyo. Msichana aliyekua akichuma majani ya chai kabla ya kengele ya shule, vidole vyeusi kwa utomvu, halii kwa sababu ya baridi ya Hamburg, wala kwa sababu mzee anayemwogesha amemtukania rangi yake. Mimi ndiye niliyekuwa nikilia. Naitwa Marion, mtoto wa duka la vitambaa Kisii mjini, niliyelelewa kwa kuletewa chai mezani. Tulikutana katika nyumba ya kutunzia wazee huko Ujerumani, sote wawili wauguzi wageni, nikamganda kama kupe. "Wewe ni Mgusii wa dukani," alikuwa akinitania. "Ukionyeshwa jembe utauliza linawashiwa wapi."

Mshahara wake karibu wote ulirudi Gesima. Alimjengea mama yake, mjane aitwaye Gesare, nyumba ya vigae vyekundu yenye sinki jikoni na madirisha mapana. Kwetu nyumba ya mama ni ya kitinda mimba, hilo halihitaji wakili. Kwa hiyo nyumba ile ilikuwa pia ya Fred Ombati, ndugu yake wa mwisho, ila ilimbidi asubiri mama yake afe kwanza. Kusubiri hakukuwa kipaji cha Fred.

Kisha mtoto wa Machogu, jirani yao, akafa ghafla. Siku mbili tatu kabla ya hapo alikuwa amepewa ndizi mbivu na Mama Gesare. Ndizi za mama huyo zilikuwa zimeliwa na kijiji kizima kwa miaka, hakuna aliyeumwa hata tumbo, lakini msiba ukitafuta mtu haukosi. Watu wakaanza kusema Mama Gesare ni omorogi, mchawi. Wakauliza mwanamke mzee asiye na mume vigae kavitoa wapi. Mjane mwenye sufuria mbili ni mcha Mungu. Mjane mwenye vigae ni mchawi. Hiyo ndiyo hekima yetu. Jioni moja vijana walirusha mawe juu ya paa lake. Mzee wa kanisa alipoitwa alisema waumini wazidi kuomba.

Na sote tunajua mambo hayo huishia wapi. Mtu wa Kisii au Nyamira atakayekuambia hajui anakudanganya, au anaogopa majirani zake.

Wakati huohuo darasa letu la Kijerumani lilipangiwa matembezi ya lazima: kuzungushwa kwa miguu katika mtaa walikoishi Wayahudi kabla ya kumalizwa wakati wa vita. Siku yenyewe ilikuwa Jumamosi. Nyanchera ni Msabato, akamwambia mwalimu kwamba siku hiyo hatembei kwa shughuli. Mwalimu akamjibu kwamba asiyekwenda hapati cheti. Akaja, amevaa sketi ya kanisani, uso umemvimba kwa hasira.

Aliyetuongoza ni Bi Lindner, mwalimu mstaafu, mwembamba, mwenye mwavuli aliouinua hewani ili tusipotee. Aliposikia malalamiko ya Nyanchera alimwambia taratibu, "Waliokuwa wakiishi hapa nao walishika siku hii. Jumamosi maduka ya mtaa huu yalifungwa." Nyanchera akalegea kidogo.

Mbele ya mlango mmoja tulionyeshwa vibao vidogo vya shaba vilivyopachikwa kati ya mawe ya njia. Kila kibao kilianza kwa maneno yaleyale: hapa aliishi. Jina, mwaka wa kuzaliwa, mwaka wa kuchukuliwa, mahali alipouawa. Nyanchera alirudi nyuma haraka, akasema mtu hakanyagi kaburi.

"Si makaburi," Bi Lindner akasema. "Makaburi hawakuyapata."

Tukapelekwa kwenye uwanja ambapo palikuwa na sinagogi kubwa. Mchoro wa paa lake umepangwa chini kwa mawe meusi, na wanafunzi wa chuo walikuwa wakiukatiza na vikombe vyao vya kahawa. Kisha Bi Lindner akatueleza yaliyofuata. Wenye nyumba walipokwisha kusafirishwa, mali yao ilipigwa mnada hadharani. Vitanda, cherehani, mapazia, viti vya watoto. Watu wa mji walijaa wakanunua.

Nyanchera akanyoosha mkono. Kijerumani chake kilikuwa cha kuvunjavunja lakini swali lilifika. "Majirani walijua viti ni vya nani?"

"Wengine walikuwa wamevikalia," Bi Lindner akajibu, "walipoalikwa chai."

Nyanchera akajitenga na kundi, akaegemea ukuta, akampigia mama yake. Nilimfuata. Walizungumza Kigusii, sauti ya Mama Gesare ikisikika wazi, sauti ya mtu anayepepeta mahindi bila haraka.

"Mama, toka hapo leo. Nenda Itumbe kwa Mama Mdogo Bathsheba."

"Leo ni Sabato, mwanangu. Nifunge mizigo siku ya Bwana?"

"Yesu alisema ng'ombe akitumbukia kisimani siku ya Sabato anatolewa."

"Mimi si ng'ombe." Akacheka. "Na nikikimbia si watasema nimekubali?"

"Waache waseme ukiwa hai!"

Nyanchera alipiga kelele hivyo katikati ya mtaa wa Wazungu, watu wakageuka. Alimbembeleza, akamgombeza, akamkumbusha kwamba mzazi aliyembakia ni yeye tu. Mwishowe mama akakubali, ila kwa sharti lake: ataondoka Jumapili alfajiri, Sabato ikiwa imekwisha. Hata kidogo asingemvunjia Mungu siku yake kwa sababu ya wahuni. Na asiambiwe mtu.

Asiambiwe mtu. Lakini kutoka kwao hadi barabara ya lami ni mwendo, na mama alikuwa na goti bovu. Fred alikuwa na pikipiki, na aliishi hapohapo bomani. Unamficha vipi ndugu yako wa tumbo moja? Nyanchera akampigia.

"Usijali, dada," Fred akasema. "Mama ni wangu pia. Nitampitisha ile njia ya banda la kupimia chai, Jumapili hapana mtu. Niachie."

Tulilifikia kundi kwenye uwanja wa nyasi ambapo watu wale waliamriwa kukusanyika na mizigo yao. Mwanafunzi mwenzetu mmoja aliuliza swali ambalo nadhani huulizwa kila siku: kwa nini hawakukimbia mapema? Bi Lindner alisema wengi walikimbia. Wengine nchi ziliwafungia milango, wengine walikuwa na wazazi wasioweza safari. "Na wengine," akasema, "waliamini kwamba hapa wanajulikana."

Nyanchera alinishika mkono. "Wangu anaondoka kesho," akaninong'oneza, na kwa mara ya kwanza baada ya wiki nyingi nilimwona akitabasamu. Nikafurahi naye. Tulikula viazi vya kukaanga njia nzima ya kurudi.

Jumapili Fred aliamka akasema pikipiki haina petroli. Akamwambia mama atangulie polepole kwa miguu, yeye akatafute, atamkuta njiani. Mama Gesare akajitwika kifurushi chake, akaenda na goti lake bovu. Vijana walikuwa wanamngoja nyuma ya banda la chai, wamekwisha kuambiwa kwamba mchawi anatoroka. Kukimbia kwake kukawa ushahidi, hawakuhitaji mwingine. Petroli ya kumfikisha Itumbe ndiyo iliyokosekana. Ya kumchoma ilikuwepo, dumu zima.

Bathsheba ndiye aliyetupigia. Alikuwa amengoja na uji mpaka ukaganda. Alitutajia waliofanya, kwa maana hawakujificha, na wa kwanza alikuwa Momanyi, kijana aliyefundishwa nyimbo za watoto kanisani na marehemu mwenyewe. Polisi walikuja, wakauliza, wakajibiwa kwamba ulikuwa umati. Umati hauna mkono wa kutiwa pingu. Nyumba ya vigae haikuguswa hata kioo.

Nyanchera hakuweza kwenda kumzika. Kibali chake cha kazi kilikuwa kinafanywa upya, na angetoka asingerudi. Tulitazama mazishi jikoni kwenye simu, maana siku hizi msiba nao hurushwa moja kwa moja. Kaburi lilikuwa upande wa kushoto wa nyumba, kama inavyotakiwa kwa mwanamke. Fred alivaa suti nyeusi. Alishika kipaza sauti akasema mama amepumzika, kazi ya Mungu haina makosa. Kisha akageuka upande wa shimo.

"Nawashukuru sana hawa vijana wetu. Wamechimba tangu asubuhi, hawajaniomba hata soda."

Momanyi akainua kofia, watu wakapiga makofi.

Nyanchera akaivuta simu karibu. Aliandika mahali ambapo watu walikuwa wakiandika pole zao: "Fred, njia ile tuliijua mimi, wewe na mama. Ulimwambia nani?" Maneno yake yakakaa hapo, kati ya pole ya shangazi na mshumaa wa mtu wa Nairobi. Mchungaji alikuwa ameanza kuomba, vichwa vyote vimeinama. Tulimwona Fred akitoa simu mfukoni, akasoma, akabonyeza kwa kidole gumba. Kioo cha Nyanchera kikawa cheupe. Alikuwa ameondolewa.

Nilimpa simu yangu. Akaisukuma.

"Nimefukuzwa kwenye mazishi ya mama yangu, Marion. Siwezi kuchungulia dirishani."

Akageukia ukuta, na hapo ndipo nilipomsikia akilia, kilio kibaya cha mtu ambaye hajazoea. Mimi niliangalia peke yangu mpaka mwisho. Momanyi ndiye aliyesawazisha udongo.