Jiwe la Mama Musili

Jirani yangu hapa mtaa wa Jamhuri, Nairobi, Mama Musili, aliolewa Morogoro mwaka wa sabini na sita, akafanya kazi katika kiwanda cha nguo mpaka mumewe alipofariki, ndipo akahamia huku. Huisema Tanzania ya siku zile bila huruma: sabuni ya kugawana vipande, unga wa njano, mikutano isiyoisha. Kitu kimoja tu hukisifu, foleni ya mawe. Sukari ikifika duka la ushirika, uliweka jiwe lako kwenye mstari ukaenda kazini. Aliye nyuma yako alilisukuma kwa mguu, na jioni ulilikuta mbele. Nilimcheka sana kwa hadithi hiyo.

Mwezi wa tatu madaktari walikuja kanisani Dagoretti kupasua mtoto wa jicho bila malipo. Watu thelathini, basi. Jicho la kulia la Mama Musili lilikuwa limeshaziba na la kushoto linafifia. Mimi nilikuwa na ukungu kidogo katika jicho moja. Saa kumi na mbili asubuhi tulikuwa kwenye foleni, yeye wa kumi na tisa, mimi nyuma yake.

Saa tatu ikambidi aende kibandani anywe chai, ameze dawa za presha. Akaweka jiwe.

"Mama Njambi, wewe sukuma tu na mguu, polepole."

"Enda, Mama Musili. Nitasukuma."

Nililisukuma mara mbili, nikiangalia kando kama mtu asiyehusika. Kisha Kiarie, msimamizi aliyekuwa akigawa nambari, akasimama mbele yangu.

"Hii jiwe ni ya nani?"

Watu wakaanza kucheka. Nikaona haya, mwanamke mzima wa Nairobi nachunga jiwe.

"Sijui," nikasema.

Akalipiga teke, akanipa nambari kumi na tisa. Mama Musili aliporudi akaambiwa aende nyuma.

"Mathe, jiwe haiumwi na macho," Kiarie alimwambia.

Huko nyuma alikuwa wa arobaini na mbili. Hakunilaumu. Aliamini nilimtetea nikashindwa.

Nilipasuliwa siku hiyohiyo. Sasa nasoma hata bei zilizoandikwa kwenye duka la ng'ambo ya barabara. Asubuhi humwona Mama Musili akipapasa ukuta kwenda kununua maziwa, nami hutoka nimshike mkono. Hunishukuru kila mara, na kila mara nashindwa kumwambia.