Choo Kimoja Ndani ya Boti

Siku yangu ya kwanza kwenye boti za kukodisha, kule bwawani Mbeere, Meneja Kinyua alinipa ndoo na brashi. "Mama Wawira, choo kikinuka, ni wewe umenuka."

Shule niliachia darasa la nne, lakini kazi ile niliijua kumshinda. Choo cha boti hakina shimo. Unapiga pampu ya mkono mara kumi, uchafu unashuka kwenye tangi chini ya sakafu, halafu tangi linanyonywa kwa bomba la mpira mkifika ufuoni. Ukipiga mara tano kwa uvivu, uchafu unarudi juu. Niliosha uchafu wa wavuvi wa starehe na bia zao miaka tisa.

Siku moja mfanyabiashara wa Ruiri alikodi boti awatembeze wakwe zake, wavue samaki mpaka jioni. Tukiwa katikati ya maji, akaingia chooni, akatoka. Mama mkwe wake akanivuta kando, uso ameufunika kwa shuka.

"Mwanangu, nimebanwa. Na yule ametoka humo sasa hivi."

Nilielewa. Kwa mila yetu, hata kiti alichokalia mkwe, mama mkwe hakikalii. Sembuse hicho! Nikamwendea Kapteni Mbogo, nikamwambia turudi.

"Meneja alisema tukae majini masaa sita. Choo si kiko? Aingie."

"Wewe ungeingia kama mkwe wako ametoka hapo?"

"Mama mkwe wangu hapandi boti," akasema, akacheka.

Basi nikachomoa kile kikamba chekundu ambacho kikichomolewa injini inazima, nikakitia ndani ya blauzi.

"Mama Wawira! Lete hicho!"

"Njoo ukichukue, Kapteni, watu wote wakikuona. Ama uape tunaenda ufuoni."

Aliapa, nikamrudishia. Boti ilipogusa mchanga, yule mama aliruka kama msichana, akakimbilia choo cha nchi kavu.

Kinyua alikuwa anatungoja. Mbogo akamwambia nimehatarisha abiria. Kicheko chake hakukitaja.

"Kesho utaomba msamaha mbele ya wafanyakazi wote," Kinyua akasema, "ama usirudi."

"Msamaha wa nini? Yule mama angejichafua mbele ya mkwe wake, ungemwomba wewe?"

Nikaweka ndoo miguuni pake, nikarudi kwetu Karurumo. Sasa nalima maharagwe. Nyinyi mnaoanza kazi kwenye boti zile, mtaambiwa mimi ni mkaidi. Ni kweli. Huo msamaha sijauomba, na siombi.