Swali la Dada Somoe Kuhusu Ozoni

Sisi tuliokwenda shule na kidumu cha maji mkono huu na fagio mkono ule tunajuana. Hata tukikutana ukubwani kwenye stendi ya Ruangwa, kila mtu na begi lake, hazipiti dakika tano kabla mmoja hajaanza kucheka, "Unakumbuka mchakamchaka?" na mwingine anaonyesha kovu la goti. Tulikimbia asubuhi na mapema miguu mitupu, vumbi jekundu likatupanda hadi kwenye kope, tukaimba mpaka sauti zikakauka. Saa nne tulikunywa uji usio na sukari, na aliyekuwa na kipande cha muhogo wa kuchoma mfukoni alikuwa na marafiki wengi kuliko yule anayeongoza darasani. Msimu wa korosho midomo yetu ilijaa mabaka kwa kubangua kwa meno, maana mafuta ya ganda la korosho yanaunguza kama moto, na mama zetu walitambua wezi kwa kutazama midomo tu. Mabibo, matunda ya mkorosho, tuliyafyonza mpaka maji yakachuruzika viwikoni.

Leo mwanangu wa mwisho yuko darasa la sita hapa Nachingwea. Ukimtuma duka la pili tu kutoka nyumbani, anauliza kama kuna hela ya bodaboda. Akipita kwenye jua dakika tano anarudi akisema amekufa. Namcheka, naye ananicheka, maisha yanaendelea.

Ninapoanza hadithi hizi mbele ya dada yangu Somoe, hata hivyo, huwa nazikatisha katikati.

Somoe na mimi ni tumbo moja, kanitangulia miaka miwili. Alizaliwa na ualbino. Wakati ule neno hilo hatukulijua. Kijijini kwetu, nje kidogo ya Mbekenyera, walitumia majina mengine ambayo sitayaandika. Ngozi yake ilikuwa nyeupe yenye wekundu, nywele zake rangi ya ndevu za mahindi machanga, na macho yake hayakutulia, yalichezacheza na kuukwepa mwanga. Ubaoni hakuona kitu hata akikaa dawati la mbele. Kwa hiyo alirudia darasa mara mbili, nikamkuta, tukakaa dawati moja, na kazi yangu ikawa kumsomea ubao sikioni. Kwa kushika mambo alinishinda mbali. Nikimnong'oneza mara moja, limeingia. Hata kwenye kombolela hakutuona tulipojificha, lakini alitukamata wote kwa kusikiliza tunavyopumua.

Mama alikuwa na maneno ambayo naamini aliyasema kila siku ya utoto wetu: "Somoe, ingia ndani, jua limepanda." Sisi tulikwepa mpira wa rede uwanjani, yeye alikaa chini ya upenu akituhesabia pointi. Baba, mkulima wa korosho na ufuta, alikuwa mtu mpole, lakini Somoe akitajwa alitazama pembeni. Siku moja nilimsikia shangazi, dada yake baba, akisema barazani kwetu kwamba ukoo wa mama kuna jambo walilikosea, ndiyo maana mtoto akatoka vile. Mama alikuwa anapepeta mtama. Ungo ukasimama kidogo, kisha ukaendelea. Baba alikuwepo. Hakumtetea.

Tulipoingia darasa la sita aliletwa mwalimu mpya kutoka Tabora, Mwalimu Nyamizi, msichana mrefu, mwenye kuongea taratibu. Siku aliyotufundisha angahewa alichora ubao mzima: dunia chini kama mgongo wa kobe, na mistari minne iliyopinda juu yake. Tabaka la chini akaliita troposfia, ndipo tulipo sisi na mawingu na mvua na moshi wa mashamba yetu, na ukipanda humo baridi inazidi. La pili stratosfia, hewa imetulia, mawingu karibu hakuna, na huko mambo yanageuka, ukipanda ndipo joto linaongezeka, kwa sababu kuna gesi iitwayo ozoni inayonyonya miale mikali ya jua. La tatu mesosfia, lenye baridi kuliko yote, ambamo vimondo huungua tukadhani ni nyota zinaanguka. La nne themosfia, joto la mamia ya nyuzi, lakini hewa ni chache mno kiasi kwamba mtu angekuwa huko asingelihisi joto hilo. Darasa likaguna. Joto lisilounguza! Siku ileile wasichana tuligeuza somo kuwa wimbo wa kuruka kamba, tropo-strato-meso-themo, ukikosea unatoka.

Lakini kabla ya kamba kulikuwa na swali. Nilikuwa namnong'oneza Somoe mchoro wote, na nilipofika kwenye ozoni nikaona ameinua mkono. Somoe hakuwahi kuinua mkono darasani.

"Mwalimu, hiyo ozoni inazuia jua kali lisitufikie?"

"Ndiyo, inazuia."

"Sasa mbona mimi linanifikia?"

Darasa likaangua kicheko. Mtu wa nyuma akasema labda juu ya nyumba yetu kuna tundu. Nilicheka na mimi. Acha niliandike hilo, maana ni kweli, nilicheka nikiwa nimegusana naye bega. Mwalimu Nyamizi hakucheka. Alisogea, akamtazama Somoe kando ya sikio la kushoto, mahali palipokuwa na kidonda ambacho mama alikipaka majani ya kuponda tangu mavuno ya mbaazi ya mwaka uliopita, nacho hakikufunga.

"Jibu lake silijui sawasawa," alisema. "Nipe mpaka Jumatatu."

Mwalimu kusema hajui! Tulitazamana. Jumamosi alipanda lori la mizigo kwenda Nachingwea, kwa rafiki yake mwenye vitabu. Jumatatu akaanza na swali hilo kabla hata ya kuita majina. Ozoni, alisema, huzuia sehemu kubwa ya miale hiyo, lakini si yote. Inayopenya hukutana na weusi wa ngozi zetu, nao huinasa. "Ninyi wengine mna kinga mbili, moja huko juu na nyingine mwilini. Somoe anayo ile ya juu peke yake, na haimtoshi. Huyu anahitaji nguo ya mikono mirefu na kofia pana, kila siku, jua liwake lisiwake." Akamtazama mvulana aliyesema habari za tundu. "Kuna anayetaka kucheka?"

Mama alisuka pama ya ukindu kwa siku tatu, pana hadi mabegani. Somoe alipoivaa aligeuza kichwa huku na huku, halafu akasema, "Naona." Kumbe kivuli cha ile kofia kilimpunguzia na ukali wa mwanga machoni. Tulitembea kwenda shule siku hiyo akinitajia miti njiani.

Mwalimu Mkuu hakuipenda. Kwake kofia shuleni ilikuwa utovu wa nidhamu, na alimvumilia Somoe kwa shingo upande mpaka siku shule ilipotarajia wageni kutoka wilayani. Tuliambiwa watafika saa nne. Saa tatu na nusu tulishapangwa mistari kwenye uwanja usio na mti hata mmoja, sare zimepigwa pasi ya mkaa. Mwalimu Mkuu alipita akikagua kucha na kola, akafika kwetu.

"Hii ni ya shambani," akasema, akaivua ile pama kichwani mwa Somoe na kwenda kuiweka dirishani ofisini.

Saa nne ikapita. Saa tano. Saa sita. Jua lilikuwa la Oktoba, lile la kabla ya mvua. Somoe alikuwa amefumba macho na kuinamisha kichwa. Shingo yake ilianza kuwa nyekundu, kisha nyekundu ya kutisha, na kile kidonda kikawa kinang'aa. Nilijisogeza ili kivuli changu kimwangukie, lakini jua lilikuwa utosini, kivuli changu kimejikunja chini ya miguu yangu mwenyewe, hakifiki hata kwenye kidole chake. Nikasogea tena. Mwalimu wa zamu akaninyooshea fimbo. Nikarudi mstarini.

"Naungua," Somoe alininong'oneza. Maisha yetu yote mimi ndiye niliyenong'ona, yeye akasikiliza.

Ilipokaribia saa saba nikamwona Mwalimu Nyamizi anatoka kwenye mstari wa walimu. Alitembea katikati ya uwanja, watoto zaidi ya mia tatu tukimtazama, huku akifungua kitenge alichojifunga juu ya gauni.

"Mwalimu, rudi kwenye nafasi yako," Mwalimu Mkuu akasema.

"Huyu mtoto anaungua, Mkuu."

"Wote wako juani. Rudi."

"Wote si sawa na huyu."

"Nakwambia kwa mara ya mwisho."

Alimfunika Somoe kile kitenge kichwa na mabega, akamshika mkono na kuondoka naye. Nilibaki sekunde chache tu, halafu nikawafuata, nikisubiri fimbo mgongoni kila hatua. Haikuja. Na wageni, nakumbuka, walikuwa hawajafika bado.

Jioni ile Somoe alikuwa na malengelenge shingoni na homa juu yake. Mwalimu Nyamizi alikuja nyumbani kabla ya magharibi, akamwambia baba kwamba kidonda kile si cha majani, kinataka daktari, na apelekwe Nachingwea kesho yake. Baba alimsikiliza kwa heshima zote, kisha akasema, "Mwalimu, tunashukuru. Lakini mtoto huyu ndivyo alivyoletwa. Tutafanya nini?"

Mwalimu aliondoka. Baba akabaki amekaa kwenye kigoda uani. Enzi zile mtoto hakumfundisha mzazi, ungethubutu vipi? Lakini nilikuwa bado nasikia lile neno, naungua. Nikachukua kijiti, nikachuchumaa mbele yake, nikachora mchangani mgongo wa kobe na mistari minne.

"Baba, hapa chini ndipo tulipo. Hapa juu kuna ozoni..."

Nilimweleza yote kama nilivyozoea kumsomea Somoe ubao. Kinga ya juu, kinga ya mwilini, na kwamba Somoe hakupewa ile ya pili. Nilipomaliza aliutazama mchoro muda mrefu.

"Kwa hiyo ni ngozi tu," alisema.

"Ni ngozi tu, baba."

"Hakuna mtu aliyekosea kitu."

"Mwalimu anasema hakuna."

Mama alikuwa jikoni, na najua alisikia, kwa sababu mchi ulinyamaza. Baba akainuka, akaenda mpaka mlango wa jiko, akasimama hapo. Sikusikia alichomwambia. Nilisikia mama akilia, na sikuwa nimewahi kumsikia mama akilia hata siku moja.

Kesho yake baba na Somoe walipanda lori hadi Ruangwa, na kutoka Ruangwa hadi Nachingwea. Baba alimwomba dereva mpaka Somoe akakaa mbele ndani, kajifunika kile kitenge, na yeye mwenyewe akakaa nyuma juu ya magunia. Walikaa hospitali wiki tatu. Daktari alikata kidonda pamoja na sehemu ya juu ya sikio, akamwambia baba kwamba ni saratani ya ngozi, na wangesubiri mwaka mmoja zaidi asingekuwa na la kufanya.

Mwalimu Nyamizi alihamishwa kabla ya muhula kwisha. Hakuna aliyetuambia sababu, na hakuna aliyehitaji kuambiwa. Baba alimbebea sanduku lake la bati mpaka barabarani, naye mama akampa kifurushi cha korosho zilizobanguliwa kwa mkono. Somoe alitaka kumrudishia kitenge, akakataa. Hatukumwona tena. Nimeuliza kwa walimu wengi miaka yote hii, wa Ruangwa, wa Nachingwea, hata wanaotoka Tabora. Hakuna anayemjua.

Somoe sasa ana cherehani yake Ruangwa mjini, anashona sare za shule, na ana binti aliyemaliza kidato cha nne. Kila baada ya miezi michache anakuja kwangu Nachingwea, tunakwenda pamoja kliniki ya ngozi. Mwezi uliopita walimkuta na kidoa kipya shingoni, wakakikata na kukipeleka kupimwa. Wiki mbili tulizosubiri majibu sikulala vizuri, yeye alikuwa anashona. Majibu yakaja salama, kwa mara hii.

Mambo yamebadilika, siwezi kubisha. Kuna mafuta ya kuzuia jua, kuna miwani, na watoto wenye ualbino nawaona wanaingia mageti ya shule na kofia zao bila mtu kuwagusa. Mwanangu hajui kuruka kamba, lakini ukimuuliza ozoni ni nini anakujibu bila kuinua macho kutoka kwenye simu. Na mimi, mtu mzima na akili zangu, bado naumia nikikumbuka ule uwanja wenye vumbi, rede, mabibo, miguu mitupu, natamani ningerudi hata kwa siku moja.

Tulipotoka kliniki na majibu yetu tulikaa kunywa chai, nikamuuliza kama na yeye hutamani kurudi.

"Masika," akasema. "Zile siku mawingu yakifunga tangu asubuhi, mama ananiacha nitoke. Tunacheza kwenye matope mpaka jioni. Hizo natamani."

Nikatafuta kichwani siku hizo za masika, nikazikosa. Utoto wangu mimi wote naukumbuka jua linawaka.