Tulivyokwenda Mpofi Kumfunga Mfalme wa Papa Amundala

Niliondoka Kashuga kwa sababu ya majivuno, na sioni haya kusema. Mjukuu wangu Furaha, mtoto wa binti yangu, alikuwa amewashinda watu wote wa Masisi katika eshek, ule mchezo wa ubao ambao wengine wanauita sataranji. Aliujifunzia kambini kwa wakimbizi, kwa vifuniko vya chupa. Alimshinda mwalimu wake. Alimshinda katekista, ambaye baada ya hapo hakutusalimia mpaka Pasaka. Sasa wakubwa wa mchezo kule Goma wakasema bingwa wa Masisi akutane na bingwa wa Walikale kijijini Mpofi, na mshindi aingie timu ya jimbo. Nafasi ilikuwa moja tu. Tangu masomo yake yakatike kwa vita, sikuwahi kumwona Furaha akitaka kitu namna ile. Chakula kilikuwa hakishuki. Nikasema haendi peke yake. Mimi ndiye nilimlea, mimi njo nitamfikisha.

Asubuhi, Kashuga. Tulipanda moto, yaani pikipiki, ya Bahati, dereva wetu: yeye mbele, Furaha katikati, mimi nyuma na jibini ya Masisi mapajani, zawadi kwa mwenyeji wetu wa Mpofi. Milima ilikuwa na ukungu, maharagwe yamelowa. Karibu na Kalembe tukakuta kamba imekatisha njia. Kijana mmoja mwenye bunduki akauliza:

"Mama, munaenda wapi?"

"Tunaenda kushinda Walikale."

"Yote?"

"Yote."

Akacheka mpaka akashindwa kuomba kitu. Akainua kamba.

Mchana, msituni. Milima inaisha pale, ng'ombe wanaisha, baridi inaisha. Miti imesimama karibukaribu kama watu wanaosikiliza maneno ya jirani. Matope yakakamata moto mpaka magurudumu yakapotea.

"Tate, ushuke tusukume," Bahati akaniambia. Kwetu tate ni babu ao bibi, na yeye hakuzaliwa kwangu, lakini matope yanaleta undugu. Nikasukuma. Moto ikatoka, kandambili yangu moja ikabaki.

Jioni, Mpofi. Mama Riziki wa kanisani alitupokea kwa sombe, majani ya muhogo yenye mawese mengi, na nyama ya pori. Nikampa jibini. Akainusa.

"Mama, hii kintu imeoza."

"Haiyaoza. Njo utamu yake."

Akaila kwa heshima, kama mtu anayemeza dawa ya minyoo. Halafu akatusimulia habari za Papa Amundala, bingwa wao. Zamani, watu walipokuwa wakichimba bati mgodini Bisie kwa mikono, Papa alikuwa mbebaji: gunia la mawe kichwani, kukatisha msitu kwa miguu. Mfanyabiashara mmoja alimfundisha eshek kule mgodini, wakawekeana dau, akamla buti zake. Papa akacheza pekupeku mpaka akazirudisha, halafu akamla mfanyabiashara buti za kwake. Mashine zilipofika Bisie, akarudi kijijini kutega wanyama. Walikale nzima hakuna aliyemshinda.

"Anacheza vile anategaka," Mama Riziki akasema. "Anakaa tu. Unakuja weye mwenyewe."

Furaha akasukuma sahani pembeni.

Kesho yake, ukumbi wa parokia. Atakayeshinda michezo miwili kati ya mitatu, nafasi ni yake. Papa Amundala aliingia, mzee wa rika langu, mwembamba, na meno machache ya kumsaidia kutabasamu. Mwamuzi alitoka Goma na saa ya ajabu yenye nyuso mbili. Ukicheza, unagonga upande wako, dakika za mwenzako zinaanza kukimbia. Dakika zako zikiisha umeshindwa, hata kama unashinda. Kambini hatukuwa na kitu hicho.

Wakaanza. Furaha akapata nafasi ya kula farasi wa Papa. Akasimama. Akakunja goti. Akamtoa yule farasi kwa mkono wa kuume, wa kushoto ukishika kiwiko, vile nilivyomfundisha kupokea kitu kwa mtu mzima. "Aksanti, Papa." Akaketi, akatengeneza kitenge, halafu njo akagonga saa.

Akala mnara: akasimama, goti, aksanti, kitenge. Akala askari: goti, aksanti. Kadiri alivyoshinda ndivyo alivyoshukuru. Ubaoni Papa alibaki na mfalme na askari wawili wenye njaa, wakati saa ya Furaha ilipolia.

"Muda umeisha," mwamuzi akasema. "Papa ameshinda."

Nikamtoa Furaha nje.

"Unakamata bintu yake kama unapokea komunyo?"

"Tate, ile ni muzee! Nimunyang'anye na mukono moja? Si weye ulinipiga mwiko juu ya ndizi nilikamata vile?"

"Na mwalimu, ulimushinda namna gani?"

"Kulikuwa saa? Nilimushukuru mpaka akachoka."

"Leo sahau adabu."

"Mikono inakataa, Tate." Na machozi yalikuwa yanakuja.

Nikaiangalia ile mikono. Ni kazi yangu, na niliifanya vizuri mno. Basi, kama mikono haibadiliki, nitabadilisha mzee.

Nikamfuata Papa Amundala alipokuwa akinywa kasiksi yake, pombe ya ndizi.

"Kaka, ni kweli ulibeba Bisie?"

"Nilibeba mpaka shingo ikaingia mu mabega."

"Bwana yangu marehemu naye alibeba kule. Murefu. Alikuwa anakoroma."

"Mama, wote walikuwa wanakoroma."

"Mulilala mu kibanda moja?"

"Bisie yote ililala mu kibanda moja."

"Basi uko ndugu ya bwana yangu."

Akafikiri kidogo. "Haiwezi kukosa."

"Na ule musichana iko mujukuu wako."

"Ee."

"Mujukuu musichana, kwenu babu anamwita nani?"

Mzee akafungua mdomo wote. "Muke wangu!"

Hata kwetu ni hivyo. Babu na mjukuu wa kike ni mtu na mke wa mdomo tu. Msichana anaweza kutukana kipara chake na kumpokonya nyama sahanini, na mzee anafurahi kuliko aliyepewa mbuzi. Nikamkimbilia Furaha.

"Ule haiko muzee tena. Iko bwana yako."

Furaha akarudi ukumbini, akampima Papa kutoka miguu mpaka kichwa.

"Huyu? Meno yake iko wapi?"

"Ilibaki Bisie, muke wangu."

"Kimya!" mwamuzi akapiga kelele, lakini ukumbi ulikuwa umeshavunjika kwa kicheko.

Mchezo wa pili Furaha alinyakua farasi kwa mkono mmoja kama mwewe na kifaranga. Aligonga saa mpaka mwamuzi akaishikilia isianguke. Akashinda.

Wa tatu, Papa hakucheka tena. Aliacha malkia wake wazi kabisa. Mkono wa Furaha ukaenda, ukasimama hewani, ukarudi.

"Bwana, unanitegea?"

Papa akakohoa. Kuanzia pale mfalme wake alisukumwa pembeni, kidogo kidogo, mpaka hakuwa na pa kukanyaga. Mzee akamlaza mwenyewe kwa kidole.

"Muke mubaya," akasema. "Amenifukuza mu nyumba yangu."

Mama Riziki akapiga vigelegele. Furaha alikuwa analia na kucheka. Papa aliendelea kumpapasa yule mfalme, na nikaelewa kwamba na yeye aliitaka Goma. Halafu akamshika Furaha bega. "Kule usikimbie. Ukae. Watakuja wenyewe."

Kurudi, tulivuka matope kwa nyimbo za kanisa. Karibu na Kalembe Furaha akauliza, "Tate, kule Goma nitacheza na nani?"

"Mwamuzi anasema kuna daktari, kuna kolonel mustaafu, na padri moja muzee, mukali sana."

Nikachungulia begani kwake: mkono wa kushoto ulikuwa umeshaanza kushika kiwiko.

Nilichojifunza ni kwamba mtoto akilelewa vizuri kupita kiasi, hawezi kutumwa peke yake. Nitakwenda naye Goma. Nitamuuliza kila mzee alilala wapi ujanani, nimuozeshe mjukuu wangu kwa wote, mmoja mmoja, kabla ya saa kuanza. Daktari na kolonel siwaogopi. Padri njo atanipa kazi.